Barua Iliyofika Zamu Isiyo Yangu

Mimi ni karani wa masjala. Kazi yangu ni kupokea kila karatasi inayoingia katika ofisi moja ya serikali hapa Sundbyberg, Uswidi, kuigonga muhuri wa tarehe, kuipa namba na kuiandikisha, ili mwananchi yeyote akija kuiomba aione. Karatasi za serikali katika nchi hii hazina siri, isipokuwa chache. Nilikuwa nikijivunia sheria hiyo mpaka siku iliponivua nguo.

Masjalani tulikuwa wawili. Mwenzangu alikuwa mama wa kutoka Uganda, mkubwa wangu kwa miaka kama kumi, aliyeingia nchi hii akiwa mkimbizi. Ndiye aliyenifundisha kazi. Mbele ya wakubwa tulisema Kiswidi. Mlango ukifungwa tulirudi kwenye Kiswahili, chake cha Kampala na changu cha Kisumu, kila mmoja akidai cha mwenzake ndicho kilichovunjika.

Ikatangazwa nafasi ya karani mkuu. Sharti lilikuwa miaka kumi ya kazi ya masjala ya serikali. Tukaomba wote wawili, akapewa yeye. Nilimkumbatia, nikampongeza, nikarudi mezani kwangu nimevimba kwa wivu. Sitautafutia jina zuri zaidi.

Hapa ukinyimwa nafasi ya serikali una wiki tatu za kukata rufaa, na unaruhusiwa kusoma maombi ya aliyeshinda. Niliyaomba nikayasoma saa ya chakula, hata sikula. Miaka yake ya hapa ilikuwa saba tu. Minne mingine ilikuwa ya masjala ya hospitali huko kwao. Nilifurahi, Mungu anisamehe. Nikaandika kwenye rufaa yangu kwamba miaka ya nchi nyingine, yenye sheria nyingine, haiwezi kumstahilisha mtu. Nikaongeza kwamba vyeti vya huko ni vigumu kuvithibitisha. Maneno hayo nilikuwa nimewahi kuambiwa mimi mwenyewe, kwenye dirisha la ofisi nyingine, na siku hiyo nililia njia nzima hadi nyumbani Rissne.

Na mimi je? Nilikuwa na sita ya hapa na minne ya masjala ya mahakama Kisumu. Msomaji ameshaona. Mimi sikuona. Miaka yangu niliiita uzoefu, yake nikaiita ujanja.

Rufaa hutumwa kwa ofisi ileile iliyotoa kazi, nayo ndiyo huipeleka kwa bodi ya rufaa. Maana yake ni lazima ipite masjalani. Barua pepe za ofisi tulizisoma wote wawili, kwa hiyo nikapiga hesabu ya kijanja: posta siku hizi huleta barua leo na kuruka kesho, na Jumatano ilikuwa zamu yangu ya kufungua bahasha. Nikaitia barua kwenye sanduku la posta Jumatatu asubuhi. Jumatano haikuja. Ilikuja Ijumaa, zamu yake.

Meza zetu zilitazamana. Akafungua bahasha, akasoma ukurasa wa kwanza, akageuza, akasoma wa pili. Mimi nilijifanya natafuta faili kwenye kompyuta. Nikasikia muhuri ukigonga.

"Dada," akasema, kwa sauti yake ya kila siku, "hapa kwa kichwa cha barua niandike rufaa tu, ama niweke na jina langu?"

"Rufaa inatosha, mama."

"Haya."

Akaandika namba, akachukua bahasha iliyofuata. Nilitamani anitukane.

Baada ya miezi miwili bodi ikajibu. Rufaa imekataliwa: miaka ya nje huhesabiwa, kama ilivyohesabiwa ya mkata rufaa mwenyewe, ambaye bila hiyo asingefikia sharti. Mkuki kwa nguruwe mtamu, kwa binadamu mchungu. Nililisoma jibu hilo nimejifungia chooni, uso unawaka.

Wiki ileile mwenzangu akaniita katika chumba chake kipya. Akafunga mlango. Mezani palikuwa na fomu ya kunipandisha hadi ngazi aliyoiacha yeye, na alikuwa ameijaza kwa mkono wake. Penye uzoefu aliandika: sita hapa, minne Kisumu.

"Angalia kama miaka yako iko sawa," akasema, "halafu utie sahihi. Nimeshawaambia wakubwa ya Kisumu ni kazi ileile."

Alinisubiri, mikono ameiweka juu ya meza. Hakuwa na haraka. Nadhani alikuwa ananipa nafasi, maana kusoma mistari miwili hakuchukui muda wote ule. "Nisamehe, mama" ilikuwa tayari mdomoni mwangu.

Nikatia sahihi. Nikamwambia asante kwa Kiswidi, kama ninavyomwambia mtu wa dukani, nikatoka.