Nusu ya Kosa la Marehemu

Watu wa Dunda, mtaa wa Bagamoyo, walipofiwa, hawakumwita Bimdogo binti Majaliwa aje apike. Walimwita aje aseme. Alikuwa muuza vitumbua, hakusoma zaidi ya chuo cha Kurani, lakini alijua kumtua mtu mzigo wa lawama. Aliyechelewa kumpeleka mumewe hospitali alimwambia, "Hata ungewahi, daktari mwenyewe hakuwapo." Aliyeunguza mtoto kwa uji alimwambia, "Sufuria lenyewe lilikuwa bovu." Mara nyingi ulikuwa uongo. Kila mtu alijua, na kila mtu alishukuru.

Mwaka 1965 msiba ukaingia kwake. Mwanawe wa pekee, Dadi, alikuwa akirudi na baiskeli kutoka Kerege, alikokwenda kununua nazi za kuuza mjini. Lori lilimgonga kwa nyuma. Alikuwa pembeni kabisa. Nazi zake zilikutwa mtaroni.

Siku ya tatu dereva mwenyewe alikuja matangani, kijana aitwaye Muhidini. Alianguka miguuni pa Bimdogo akalia mpaka wanaume barazani wakaacha kusoma. Bimdogo akamshika kichwa.

"Nyamaza, mwanangu. Usijilaumu. Dadi naye alikuwa mbishi. Mara ngapi nimemkataza kupita katikati ya barabara, hasikii!"

Dereva alipoondoka, sauti ya Zaina, mjane wa Dadi, ikatoka nyuma ya pazia alikokaa eda.

"Mama, mume wangu hajapata kupita katikati. Mbona unamsingizia maiti?"

"Maiti haumii tena, Zaina. Yule mtoto wa watu angekwenda kujitia kitanzi."

"Angejitia!"

Eda ilipokwisha wakafungua madai ya fidia. Zaina alikuwa na watoto watatu, na kaka zake wa Msata walikwishasema wazi: fidia ikitosha, dada yao abaki Bagamoyo awalee watoto katika nyumba ya mumewe, isipotosha, watakuja kuwachukua wote. Bimdogo hakutaka kitu kingine duniani ila wajukuu wale wabaki.

Mahakamani Dar es Salaam, Muhidini alikula kiapo, akasema marehemu alikuwa katikati ya barabara. Hakumtazama Bimdogo.

"Hata mama yake aliniambia hiyo ndiyo tabia yake."

Wakili wa kampuni ya bima ya lori akamgeukia Bimdogo. Hakumwamkia.

"Bibi, ulisema maneno hayo?"

"Nilisema, baba."

"Yalikuwa kweli?"

"La. Nilisema ili anyamaze kulia."

"Kumbe ulisema uongo. Matangani kwa mwanao mwenyewe!"

"Ndiyo, baba."

"Na leo, pesa ikiwa mbele yako, ndipo unasema kweli?"

Watu wakacheka. Nilikuwapo, nilimwona hata karani akiziba mdomo kwa kiganja. Bimdogo aliwatazama mmoja mmoja, kama anayetafuta aliyefiwa kati yao.

Tumepandisha bendera yetu wenyewe, lakini sheria tunayohukumiwa nayo ni ileile tuliyoachiwa na mkoloni. Inamfufua marehemu kitambo kidogo ili imgawie kosa, kisha inamzika tena. Kampuni haina mama wala haiweki matanga, ndiyo maana haitamki neno la kujidhuru. Wanaonaswa ni watu wanaohurumiana. Nchi inayojidai kujenga udugu itaivumilia sheria ya namna hii mpaka lini?

Hakimu aliamua kwamba nusu ya kosa ni ya dereva na nusu ni ya marehemu. Fidia ikakatwa vipande viwili, na wakili wa kina Bimdogo akachukua chake katika kipande kilichobaki. Nje ya mahakama Bimdogo akamshika Zaina mkono.

"Zaina, mwanangu..."

"Mwanao ni yule dereva. Nenda kakae kwake."

Wiki ileile kaka zake wakaja, wakapakia vitanda, vyungu na watoto.

Mwezi wa Shaabani Bimdogo aliomba lifti ya lori mpaka Msata, na halua aliyoifunga katika kitambaa. Mbaruku, kaka mkubwa wa Zaina, alimsimamisha nje ya ua.

"Umefuata nini?"

"Wajukuu zangu, baba. Niwaone tu."

"Mahakama imelipa nusu ya malezi. Nusu nyingine umeimaliza wewe kwa ulimi wako. Sasa kula yao ni juu yetu, na watoto ni wetu wazima wazima."

"Basi nisimame hapahapa wanisalimie."

"Simama. Barabara si yangu."

Ua wa makuti ulikuwa na tundu. Ndani ya ua Chausiku, mjukuu mkubwa, mtoto wa miaka minane, alikuwa akipepeta mchele. Bimdogo akamwita kwa jina. Mtoto akainua uso, akaanza kutabasamu, kisha akakumbuka alivyofundishwa. Akageuza mgongo, akaendelea kupepeta.