Mwalimu na Kamera Yake

Juzi nilikuwa dukani hapa Kasulu alipoingia jirani yangu, mke wa mwalimu. Aliegemea kaunta kama aliyetembea kwa miguu kutoka kijiji cha mbali cha Titye.

"Mama Mwalimu, leo tena mkate?" mwenye duka akamwuliza.

"Nifanyeje? Jiko si langu tena."

Mumewe alinunua kamera mwezi uliopita bila kumshauri mtu. Sasa jikoni ameziba madirisha kwa mablanketi ili asafishe picha, na ukifungua mlango anapiga kelele kwamba umemharibia. Watoto wanashindia mkate.

Mara mwalimu akaingia mbio, vidole vikinuka dawa ya kusafishia picha.

"Mama watoto, imetoka! Tazama!"

Ilikuwa picha ya mkewe ameketi kizingitini, amesinzia, sufuria tupu mapajani. Mama Mwalimu akaichukua, akaisogeza karibu na macho.

"Kumbe nimechoka hivi," akasema taratibu.

Mwalimu akaitazama upya, na tabasamu likatoweka usoni mwake.

"Leo natoa vitu vyangu jikoni," akasema.

Nami nilipofika nyumbani nilimtazama mke wangu kwa makini. Akaniuliza kama kuna kitu nimepoteza.