Maandishi Mekundu kwa Mama Riyaz

Sherbanu, ambaye Kahama yote inamwita Mama Riyaz, anauza mabuti na tochi kwa wachimbaji wa Bugarama. Kwa miaka miwili ukuta wa duka lake ulikuwa na maandishi mekundu ya dalali wa benki: INAUZWA. Alikwenda mahakamani kuzuia mnada, mwishowe yeye na benki wakapatana, akalipa.

Jumatatu hakimu alisoma makubaliano yao, akasema, "Shauri limefutwa."

Mama Riyaz akasimama. "Ahsante, mheshimiwa. Na ya ukutani anafuta nani?"

Watu wakaangua kicheko. Yeye hakucheka. Wateja wake wanasoma ukuta, hawasomi hukumu, na wengi walishamkimbia.

Nje, Theonest, wakili wa benki, alimsalimia. "Shikamoo, mama."

"Marahaba. Umekuja na brashi?"

Alasiri nilipopita dukani nilimkuta Theonest juu ya ngazi, tai begani, akipaka chokaa. Mama Riyaz alimshikia ngazi. "Hiyo Z bado inaonekana, mwanangu."

Mchimbaji mmoja akasimamisha pikipiki. "Mama Riyaz, kumbe umeshauza?"

"Nauza buti tu. Unavaa namba ngapi?"