Kadi ya harusi ya dada ilisema saa sita

Jamani, leo nimemkosea bibi yangu na sijui niuweke wapi uso.

Misa ya ndoa ya dada Vero ilikuwa saa nane mchana. Kadi niliandaa mimi.

Nikaandika saa sita. Makusudi!

Si mnatujua? Ukiandika saa nane, watu wanaingia padri anatoa baraka ya mwisho.

Na kweli, karibu wote wamefika saa nane kasoro. Nikajiona mjanja.

Kumbe bibi kapanda kivuko cha alfajiri kutoka Ukerewe. Saa sita kamili yuko benchi la mbele. Macho yake hayaoni vizuri, kapiga vigelegele misa nzima.

Ndoa ya watu wengine kabisa!

Nimemkuta amekaa peke yake, kitenge kipya, mkoba mapajani.

"Shikamoo bibi."

"Marahaba. Ile kadi aliandika nani?"

"Mimi, bibi. Nilikuwa nawategea wanaochelewa."

"Mimi uliniona nachelewa wapi?"

Nikamchukulia mkoba, nikamketisha karibu na shangazi.

Dada alipoanza kula kiapo, nikageuka nimwone bibi anavyofurahi.

Kalala fofofo kwenye bega la shangazi. Uchovu.

Sasa hivi tuko ukumbini Kirumba. Dada kanifuata mbio na shela lake: "Bibi alilia nilipoapa?"

Nikasema alilia sana.

Dada mwenyewe akaanza kulia kwa furaha.

Bibi yuko meza ya pili, ananiangalia tu. Jamani, nimwambie dada ukweli leo hii, au nifanyeje?