Suti ya Kwenda Nyota ya Jirani

Kaka yangu, fundi redio, si mtu wa kumkatiza mkewe. Amefanya hivyo mara moja tu, na akachagua siku mbaya kuliko zote. Wifi, mshona sare za shule, alikuwa amesimama mlangoni mwa karakana amwambie kwamba ana mimba. Kaka, sikio kwenye redio, akainua mkono. "Ngoja kwanza, wanazungumzia nyota!"

Wifi aligeuka, akaja kunieleza mimi, amefura. "Habari hiyo haitoki tena mdomoni mwangu," akaapa, akanikataza nami nisiitoe. Mkaidi yule! Kaka, asiyejua kosa lake, akanuna kwa kununiwa, akahamishia godoro karakanani kati ya spika zilizopasuka. Mimi nikawa mpeleka maneno, roho juu, maana kaka alikuwa ameomba mtoto kwa miaka.

Wakati wa kula kaka akatangaza kwa sauti, "Wakitafuta watu wa kwenda nyota ya jirani, mimi nimo."

"Hebu muulize atafika lini," wifi akaniambia.

"Mwambie anayeondoka hafiki, anazeekea njiani. Wanaofika ni watoto wanaozaliwa humo humo chomboni."

"Haya. Muulize kama anataka suti."

"Mwambie iwe imara!"

Wifi aliishona kwa kaki iliyobaki kwenye kaptula za shule, akanituma niipeleke, naye akanifuata nyuma nyuma. Kaka alipoijaribu, mguu wa suruali uligomea kwenye kidole gumba.

"Hii si ya mtoto mchanga?"

Wifi akamjibu mwenyewe, kwa mara ya kwanza tangu wanuniane. "Si umesema wanaofika ni watoto?"

Kaka akageuza pindo. Kwenye sare wifi huacha pindo refu, kwa kuwa watoto hurefuka na wazazi hawataki kununua tena. Hili lilikunjwa na kukunjwa, kitambaa cha kumfikisha mtu ukubwani.

"Na pindo lote hili?"

"Ataongezeka. Ameshaanza." Akashika tumbo.

Kaka aliketi kwenye godoro puu, akanyoosha mkono, akazima redio. "Mke wangu, niambie tena. Niambie vizuri."

Wifi akaiwasha, akainua mkono vilevile kaka alivyomwinulia siku ile. "Ngoja kwanza, wanazungumzia nyota."

Kaka akangoja, suti mapajani, machozi yakimlenga, mpaka kipindi kikaisha.