Daftari la Mdogo Wake Mama Mkwe

Kwa miaka thelathini na nne alicheza mwanamke mmoja tu: mama mkwe mwenye roho mbaya. Hata daktari wake wa meno alimwita Mama Mkwe. Sokoni aliwahi kunyimwa nyanya na muuzaji aliyemwona kwenye televisheni akimfukuza mke wa mwanawe na mimba yake. Yeye alifurahi, akaenda kununua kwenye kibanda cha pili. "Siku nikiuziwa kwa tabasamu," aliniambia, "nitajua nimezeeka."

Mimi ni mhariri wake wa picha, aliniita Mkasi. Wakubwa wa filamu walipoanza kumpa nafasi za bibi anayekohoa kitandani, alinuna wiki nzima, kisha akasema atatengeneza filamu zake mwenyewe. Alitengeneza kumi na moja, ofisi ikiwa meza yake ya chakula.

Asiyeonekana katika filamu hizo ni mdogo wake. Kazi yake ilikuwa kuandika kwenye daftari la shule nani kavaa nini, kikombe kimejaa hadi wapi, nywele ziko nyuma ya sikio lipi. Filamu haipigwi kwa mfuatano: mtu anafika mlangoni Jumatatu, anaingia ndani wiki mbili baadaye, na lazima awe yule yule. Kwa miaka kumi na tisa hakukosea hata kifungo. Ukikunja mkono wa shati tofauti na jana, alikukata jicho ukaukunjua bila kuambiwa.

Katika filamu ya mwisho, mama mkwe anakwenda kumwomba msamaha mke wa mwanawe. Nilipounganisha picha, alifika mlangoni na kitambaa cha bluu kichwani, akaingia ndani na cha kijani. Nikafungua daftari. Kurasa mbili zilikuwa na tarehe moja, na moja iliishia katikati ya neno. Nikakumbuka chai ambayo mdogo wake aliitia chumvi, na jina langu aliloliuliza mara mbili asubuhi moja. Sote tuliyanyamazia, na mimi najilaumu.

Mama Mkwe alitazama mara tatu.

"Mdogo wangu ameiona hii?"

"Bado. Na binti aliyecheza mke wa mwanao ameshasafiri, hatuwezi kurudia."

"Njoo na kamera kesho. Yeye usimwambie."

Tulipiga picha moja tu. Anasimama mlangoni, anavua cha bluu, anakikunja, anatoa cha kijani mkobani, anajifunga vizuri, ndipo anabisha hodi. Nimemwona akifa mara sita kwenye filamu. Hakuwahi kuigiza vizuri hivyo.

Siku ya kuonyesha filamu, watu walilia pale pale anapobadilisha kitambaa. Taa zilipowashwa, mdogo wake alikuwa anapekua daftari.

"Dada, hii ya kubadilisha kitambaa sioni nilipoiandika."

"Hukuwepo siku hiyo."

"Kwa nini sikuwepo?"

Mama Mkwe, ambaye hakuwahi kusahau maneno yake mbele ya kamera, aligusa hereni za mama yao masikioni.

Mdogo wake alirudi kurasa za nyuma, akasoma mstari kwa mstari kwa kidole, akafika kwenye kurasa zile mbili. Akaweka kidole kwenye tarehe ya kwanza, halafu ya pili. Kisha akamtazama dada yake usoni, akaandika kitu, akanipa daftari.

"Shika, Mkasi. Kuanzia kesho andika wewe."

Nilisoma alichoandika, kwa ule mwandiko wake mzuri wa zamani: *Dada. Gauni la kahawia. Hereni za mama. Machozi yameanza jicho la kushoto.*