Ukucha wa Jogoo wa Mama Mkwe

Katika miaka ya sabini, mchana nilikuwa fundi wa nguo pale Keumbu, barazani kwa duka la sukari na mafuta ya taa, na jioni nilikuwa msomi. Darasa letu la watu wazima lilikutana katika shule ya msingi, tukakalia madawati ya watoto mpaka magoti yakatugusa masikio. Mwalimu wetu alikuwa kijana mwembamba kuliko chaki yake, lakini alijua mambo mengi kuliko redio.

Jioni moja alituletea gazeti la Kiingereza lenye picha. Akalisogeza karibu na karabai tukaona mnyama amesimama kwa miguu miwili, mkia umenyooka nyuma kama mpini wa jembe, meno yamejaa, na katika kila mguu kidole kimoja kimeinuliwa juu kikiwa na ukucha uliopinda kama mundu.

"Mifupa yake ilichimbuliwa Amerika," mwalimu akasema. "Ni dinosaria. Jina lake ni la Kigiriki, maana yake ukucha wa kutisha. Alikuwa akitembea ameuinua ukucha huo usiguse ardhi, usije ukawa butu. Na wapo wataalamu wanaosema ndege wote ni wa ukoo wake."

"Ndege gani?" akauliza muuza nyama, mwenzangu wa dawati. "Kuku pia?"

"Kuku pia."

"Mwalimu, mimi nimechinja kuku tangu nizaliwe. Sijakuta jino hata moja."

Darasa likaangua kicheko. Mwalimu hakukasirika. Alitueleza habari za ndege wa kale aliyepatikana ndani ya jiwe kule Ujerumani, mwenye manyoya ya mabawa lakini pia meno na mkia wa mifupa kama wa mjusi. Kisha akatupa kazi: kila mtu akamtazame kuku vizuri miguuni, namna anavyokanyaga na anavyoinua vidole, aje achore.

Mimi sikuwa na kuku. Nilikuwa na chumba cha kupanga na cherehani. Lakini nilimjua jogoo mmoja huko Nyamira, nyumbani kwa msichana niliyekuwa nikitaka kumwoa. Jogoo huyo alikuwa mwekundu, mkubwa kama ndama, na sisemi uongo, mbwa wa mtaa ule walikuwa wakizunguka kwa njia ya mtoni ili wasikutane naye. Familia ile ni ya Wasabato, na kila Jumamosi jogoo alifungiwa kibandani tangu siku alipomrukia mzee wa kanisa mgongoni, Biblia ikaruka huku na kofia kule.

Basi Jumamosi iliyofuata nilikwenda. Wazee wangu walikuwa waje kesho yake, Jumapili, kumaliza mazungumzo ya mahari, na mimi nilikuwa nimemshonea msichana gauni la kijani la kuvaa siku hiyo. Nilijua wote wako kanisani mpaka jioni. Nilipanga niache kifurushi mlangoni, nimchungulie jogoo, nirudi zangu.

Nilifika, nikafungua komeo la kibanda, nikaingia nimejikunja na kifurushi changu, nikavuta mlango nyuma yangu ili mnyama asitoroke. Kibanda kilikuwa kifupi kiasi kwamba kichwa changu kiligusa nyasi za paa nikiwa nimechuchumaa. Na nilikuwa nimevaa suruali ya mtindo wa siku hizo, imebana mapajani na kupanuka chini kama sketi mbili, kazi ya mikono yangu mwenyewe. Haikushonwa kwa ajili ya kuchuchumaa. Jogoo alisimama kwenye kona. Aliinua mguu mmoja, akakunja vidole, akabaki hivyo. Nikafurahi sana. Ndipo nikasikia sauti za wanawake.

Mama mkwe mtarajiwa alikuwa amerudi mapema kwa sababu ya goti, na jirani yake akamsindikiza. Waliketi kwenye benchi chini ya upenu wa jikoni, wakielekeana na mlango wa kibanda. Kutoka pale mpaka kwangu mtu angeweza kutema mbegu ya pera ikanifikia.

Kwa Abagusii, mkwe na mama mkwe wana heshima yao. Tunaiita chinsoni. Hamkai nyumba moja, hamshikani mikono, hata njiani mkikutana kila mtu anapisha upande wake na macho chini. Sasa mimi nitokeje kwenye kibanda chake cha kuku, nikitambaa kwa magoti, na manyoya kichwani? Hata bila chinsoni, mtu anayetoka kwenye kibanda cha kuku cha watu wengine ana jina moja tu.

Nikajituliza. Nikasema moyoni, mama yeyote wa huku hakai kitako muda mrefu. Atakwenda kuchota maji, atatafuta kuni, atapika. Akigeuka tu, mimi nimeruka ua. Nikangoja. Hakuinuka. Nikangoja tena, mguu mmoja ukafa ganzi. Ndipo akili ikanijia: ni Sabato! Maji yalichotwa jana. Kuni zilipasuliwa jana. Wakafungua kikapu, wakala ugali wa wimbi na ndizi zilizopikwa jana, taratibu, kama watu ambao hawana kazi mpaka jua lizame. Na kweli hawakuwa nayo.

"Na huyo mkwe wenu wa kesho," jirani akasema, "ndiye yule fundi wa Keumbu mwenye mdomo?"

"Ndiye."

"Nasikia anakwenda shule jioni. Na ndevu zote zile."

"Dada yangu, angekuwa anasoma hesabu ningenyamaza. Anasoma mijusi! Alisimama sokoni Nyakoe akawaambia watu kuku ni mtoto wa mjusi mkubwa wa Amerika."

"Uuuwi! Na wewe utampa mtoto?"

"Simpi. Kesho baba yao akiniuliza, nitasema hapana. Mtu anayepiga kelele namna hiyo atamwachia mtoto wangu nini? Kelele."

Nilihisi kuta za kibanda zimesogea. Joto lilikuwa la tanuri, utitiri ulinipanda kutoka soksi hadi kwapani, harufu ilinitoa machozi, na nje maisha yangu yalikuwa yakikatwa kama kitambaa, nami siwezi hata kukohoa.

Jogoo naye alikuwa amechoka na mgeni. Alianza kunizunguka, ingawa nafasi ya kuzunguka haikuwepo. Alinitazama kwa jicho moja, akageuza kichwa, akanitazama kwa la pili. Kila hatua aliweka mguu polepole, vidole vikifunguka kimoja kimoja juu ya mavi makavu bila sauti. Magamba ya mguu wake yalikuwa ya mjusi kabisa, jamani, yamepangwa kama vigae. Nilitaka kumwita muuza nyama aje aone kwamba mwenye miguu kama hii hana haja ya meno.

Siku hizi tunajua zaidi. Kule Uchina yametoka mawe yenye dinosaria wanaokula nyama, waliojaa manyoya mwili mzima, na ndugu mmoja wa yule wa ukucha, wa jangwa la Mongolia, ana vivimbe kwenye mfupa wa mkono mahali manyoya yaliposhikilia. Alikuwa na ukubwa wa bata mzinga. Lakini sinema zilimfanya mrefu kama askari, zikamnyonyoa, na wajukuu wangu wanamwogopa akiwa uchi hivyo. Mimi simwogopi huyo wa sinema. Mnyama mwenye manyoya ndiye wa kuogopwa, kwa sababu huwezi kujua mwili unaishia wapi na mabawa yanaanzia wapi. Niliyajua hayo kibandani kabla ya Wachina.

Jogoo aliruka. Miguu ilitangulia, mabawa yakipiga ukuta na uso wangu, na kipi, ule mwiba wa nyuma ya mguu, kikaingia kwenye paja langu kupitia suruali. Damu ilitoka debe zima. Sikulia. Nilimtupia gauni la kijani, nikamfunika kichwa, nikamkumbatia kifuani. Kuku akiona giza hutulia, na huyu akatulia. Nikabaki nimemshika, moyo wake ukidunda kwenye wangu.

"Kuna kitu humo," jirani akasema. "Kicheche?"

"Ngoja nione."

Kivuli kikaziba mwanga wa mlango. Ukafunguka kidogo. Mimi nikainamisha uso hadi kwenye gauni. Niliona tu miguu yake na pindo la leso, na najua aliitambua suruali yangu, maana Kisii nzima haikuwa na nyingine kama ile. Mlango ukarudishwa polepole.

"Ni nini?" jirani akauliza.

"Ni jogoo." Kisha akasema kwa sauti kubwa, kama anayezungumza na kibanda: "Wewe jogoo, sisi tunakwenda ng'ambo ya mto kumwombea mgonjwa. Hatutarudi upesi. Na wewe utulie hivyo hivyo."

"Lakini dada, si ulisema goti?"

"Limepona. Ni Sabato."

Nilitoka nikiwa nimepinda kama ule ukucha wa gazetini, nikachechemea mpaka barabarani na gauni lenye damu chini ya shati.

Jumapili wazee wetu waliketi. Mama mkwe alikuwa ndani ya nyumba yake, kama inavyopaswa, na maneno yake yaliletwa nje na shangazi wa msichana. Baba mtu alipotaka kujua kama mama anakubali, shangazi aliingia ndani kumwuliza. Mimi nilitazama vidole vyangu vya miguu.

Shangazi akarudi. "Mama anasema apewe."

"Kwa sababu gani?" akauliza baba mtu, maana wiki nzima alikuwa akisikia kwamba mama hataki.

"Anasema amejua kwamba kijana huyu ni mtu wa kunyamaza."

Wazee wangu wakageuka wote kunitazama, mimi niliyesikika Suneka nikiwa Keumbu. Baba mdogo wangu ndiye aliyewahi kabla sijafungua mdomo. "Kabisa, shemeji," akasema. "Nyumbani tunamsahau kama yupo."